Mkono wa Mama Sumu

Watu wa mtaani walimwita Mama Sumu, naye aliitikia bila kinyongo. Jina lilimganda kutokana na tamthilia ya jioni ya televisheni, alipoigiza mke mkubwa anayemtilia sumu mtoto wa mke mwenzake. Kabla ya hapo alikuwa amesota miaka mingi kwa sehemu ndogondogo: leo jirani mwenye maneno mawili, kesho maiti iliyofunikwa shuka. Sasa alijulikana. Muuza matunda alimwambia, "Chagua papai, ila chakula changu cha mchana usikiguse," wakacheka wote wawili.

Aliishi na mama yake mzazi, mjane aliyemlea kwa cherehani. Bibi huyo hakukosa kipindi hata kimoja. "Leo umenitisha kweli," alikuwa akimwambia bintiye akirudi, uso umejaa fahari.

Kisha akili ya bibi ikaanza kumtoka kidogo kidogo. Alisahau majina ya majirani, halafu njia ya chooni. Asubuhi moja binti alimpelekea uji, bibi akakisukuma kikombe, kikaanguka.

"Nimekujua," alisema. "Ulimtilia yule mtoto, sasa umenijia mimi."

"Mama, ni mimi mwanao. Ile ni kazi tu."

"Wauaji wote husema hivyo."

Binti alipiga magoti akafuta uji, machozi yakimlengalenga. Televisheni aliizima, akaihamishia chumbani kwake, haikusaidia kitu. Wifi yake, mke wa kaka, akawa anakuja kumlisha mgonjwa, lakini naye alikuwa na watoto na duka. Siku nyingine bibi alishinda na maji matupu. Mwili ukaisha, pete ikawa inamvuka kidoleni.

Binti akamwendea mwongozaji wa tamthilia, akamwomba Mama Sumu atubu, au hata afe.

"Dada yangu, huyo ndiye anayetulisha sote," mwongozaji alijibu. "Akitubu, nani atakaa kumtazama?"

Basi akaacha kazi. Haukupita muda, mwigizaji mwingine akavaa magauni yake.

Siku wifi aliposhindwa kuja, binti alitoa koti jeupe alilobaki nalo kutoka filamu ya zamani. Akajifunga kitambaa hadi kwenye nyusi, akavaa miwani, akashusha sauti na kuvuta mguu kidogo. Kisha akabisha hodi chumbani kwa mama yake.

"Mimi nesi mpya, bibi."

Bibi alimkagua juu hadi chini. "Yule mwanamke yupo?"

"Ameshaondoka."

Hapo ndipo bibi akafungua kinywa. Alikula mpaka bakuli likabaki jeupe.

Kaka hakupendezwa. "Unamdanganya mama, dada."

"Basi njoo wewe umlishe kwa ukweli."

Kaka akaaga akaondoka.

Koti likawa la kila siku. Bibi alimzoea nesi, akaanza kumpa siri zake.

"Nina binti mwigizaji," alimwambia mchana mmoja. "Hodari huyo, usipime. Ila siku hizi haji kuniona. Nadhani nilimuudhi."

Kijiko kilisimama hewani. Binti alitamani kuvua miwani papo hapo, amkumbatie. Lakini aliiona ile shingo nyembamba, akaogopa asije akakataa tena kula.

"Hajaudhika, bibi," alisema kwa sauti ya nesi. "Kazi zimembana."

"Ukimwona mwambie aje."

"Nitamwambia."

Bibi alifariki msimu wa mvua, usingizini, mashavu yamemrudia kidogo. Msibani wapo walionong'ona wakiulizana nani alikuwa akimpikia marehemu. Wifi ndiye aliyewafuata jikoni akawaambia wafunge midomo.

Binti alirudi kutafuta kazi ya kuigiza, akapata sehemu ndogondogo, akazipokea. Kuna siku hujilaumu kwamba hakuvua ile miwani walau mara moja. Kuna siku huona asingeweza kufanya vingine. Kaka yake akimuuliza kama alifanya sawa, husema bado hajui.