Beseni la Kunyweshea Jua

Asubuhi niliyoondoka Nanyuki sikuwa na mpango wowote. Nilikuwa naosha vyombo hotelini, nikaona lori la viazi linanguruma nje, nikaacha sufuria na povu lake, nikapanda. Shule niliiacha vivyo hivyo, katikati ya somo la hesabu. Kwenye kizuizi cha Isiolo askari alinishusha.

"Unaenda wapi?"

"Linakokwenda lori."

"Wewe ni shifta?"

"Afande, shifta angekuwa na pa kwenda."

Wenzake walicheka, naye akanisukuma kwa kitako cha bunduki nirudi juu. Nilikuwa na bahati. Miaka ile ya vita na shifta, waasi wa kaskazini, wengine walijibu vizuri kuliko mimi na hawakupanda tena.

Mji wa Isiolo ulikuwa umebanwa. Jua likizama, hakuna kutoka. Wafugaji wa upande wa Garbatulla na Merti walikuwa wamekusanywa kambini ndani ya boma la miiba, na mifugo yao mingi ilikuwa imekufa au imechukuliwa. Nilipata kibarua katika kituo cha hali ya hewa, kukata nyasi na kubeba maji. Mpimaji wa hapo alikuwa rika langu, mtu wa milimani, aliyemaliza sekondari na kufundishwa kusoma vipimo. Tuliishi vyumba viwili vya bati vilivyotazamana.

Nilimchosha kwa maswali. Kwa nini kipimajoto kinafungiwa kwenye sanduku jeupe lenye mianya? Kwa nini mawingu yawe bapa chini, kama yamekatwa kwa kisu? Jioni moja alinionyesha mvua ikining'inia mbali kama pazia, chini yake pakavu kabisa. Alisema ile ni mvua halisi, inanyesha, ila hewa kavu inaimaliza kabla haijagusa ardhi. Nilisimama pale mpaka ikapotea. Hakuna mwalimu aliyewahi kuniambia jambo kama hilo.

Kitu alichokithamini zaidi kilikuwa beseni pana la bati, limewekwa juu ya mbao uwanjani, limejaa maji. Kila asubuhi alipima maji yamepungua kiasi gani, akaandika, kisha mimi nikaongeza hadi kwenye alama. Kwa njia hiyo ilijulikana jua na upepo vinakula maji kiasi gani katika nchi ile. Wahandisi walitaka kujua hayo kabla ya kuchimba mabwawa. Wakubwa wake walikuwa wamemwandikia kwamba akileta hesabu za kiangazi kizima bila pengo, watampeleka ng'ambo kusomea utabiri. Alikuwa ameshanunua koti la baridi. Lilining'inia ukutani kwenye joto lile, na kila Jumapili alilipangusa vumbi.

Kiangazi hicho lori la maji la jeshi lilianza kuchelewa. Mto ulikuwa nje ya mpaka wa watu wa kambi. Aliyeonekana kule alipigwa risasi. Ndipo akaja mama mmoja na ng'ombe wake, wa mwisho aliyebaki, mbavu nje, pamoja na mjukuu mgongoni ambaye aliishi kwa maziwa ya ng'ombe huyo. Alisimama kwenye waya akinitazama nikimimina maji kwenye beseni.

"Salaam aleikum. Hayo anakunywa nani?"

"Hakuna, mama. Yanapimwa."

"Yanaenda wapi?"

"Juu. Jua linayachukua."

Akatikisa kichwa. "Serikali yenu inanywesha jua. Haya. Jua linawapa maziwa?"

Mpimaji alimsikia. Alimpa maji yetu ya kuoga, na baadaye ya kunywa, mpaka sisi wenyewe tukawa tunalamba midomo. Lori halikuja. Asubuhi iliyofuata mama alirudi, na ng'ombe akajikunja miguu akalala penye waya. Hakuinuka hata alipovutwa mkia.

Mpimaji aliingia uwanjani kama kawaida. Alipima kwanza. Aliandika, akafuta miwani, akanifungulia lango.

"Nishikie upande huo," akasema.

Tulibeba beseni wote wawili, tukaliinamisha mbele ya pua ya ng'ombe. Alikunywa bila kuacha hata kuvuta pumzi. Yaliyobaki mama aliyakomba kwa kibuyu.

Tangu siku hiyo, maji ya kulijaza hayakuwapo, na safu ya beseni daftarini ilijazwa vistari. Nilimwambia, "Andika ya jana. Jua ni lile lile."

"Jua ni lile lile? Umelipima wewe?"

"Nani atajua?"

"Watakaopima kina cha bwawa," akasema, akachora kistari kingine.

Lori lilipofika hatimaye, lilimleta pia mkubwa mmoja kutoka Nairobi. Alipitia karatasi, uso wake ukashuka. Hakuwa mtu mbaya. Alimpenda kijana wake na alitaka kumwokoa, nikaona macho yake yakinijia mimi.

"Huyu kibarua ndiye aliyeacha lango wazi, ng'ombe akaingia. Si ndiyo?"

Nikasema, "Ndiyo, bwana, ni mimi." Kufukuzwa kwangu kungekuwa asubuhi nyingine tu. Lori lenyewe lilikuwa pale.

"Hapana," mpimaji akasema. "Lango nililifungua kwa mkono wangu. Na ningelifungua tena."

Mkubwa alifunga faili polepole. "Umeniharibia," akasema, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyefiwa.

Mwingine ndiye aliyekwenda ng'ambo. Rafiki yangu alipewa uhamisho hadi Marsabit, kupima mvua na kubaki hapo hapo ngazi ya chini. Siku tulipoondoka, ng'ombe yule alikuwa hai. Ya baadaye siyajui. Nilibeba sanduku lake la vyombo vya kupimia kwa sababu hakuna aliyenikataza. Koti alimwachia askari wa zamu ya usiku.

Msafara wa malori yenye ulinzi ulitupandisha mlimani Marsabit jioni, ndani ya ukungu mzito hata tukasikia mbuzi bila kuwaona. Tuligonga duka moja lenye taa, mwenye duka akatoka amejifunga shuka, akatupa salamu, akatuonyesha chumba cha nyuma: kitanda kimoja, mkeka mmoja, paa linadondosha matone.

"Mnakaa siku ngapi?" akauliza, daftari mkononi.

Kwa kawaida swali hilo nililijibu mimi, na jibu langu lilikuwa usiku mmoja.

"Andika miaka," mpimaji akasema.

Mwenye duka alicheka, kisha akamtazama usoni, akaacha. Alikwenda kuleta blanketi la pili. Mimi nikatandika mkeka pasipodondokewa.