Kitabu Kilichoanzia kwa Denim

Mukhisa anauza mitumba katika soko la Kitale, na anajua asili ya karibu kila neno la Kiingereza, mradi neno lenyewe lisianze kwa A, B au C.

Upungufu huo una sababu. Miaka tisa iliyopita alinunua njugu kwa Phelista, mama anayekaa na karai lake karibu na lango la soko. Alipomaliza kutafuna akaikunjua karatasi iliyofungiwa njugu, akasoma kwamba kitambaa cha denim kilipewa jina kutokana na Nimes, mji mmoja huko Ufaransa. Wakati huo alikuwa ameketi juu ya rundo la suruali za jinzi. Akainuka, akarudi kwa Phelista, na kukuta kamusi nene ya asili ya maneno ikichanwa ukurasa baada ya ukurasa, kuanzia mwanzo.

"Kurasa za mbele ziko wapi?" akauliza.

"Ziliisha na njugu, baba."

Akanunua kilichobaki. Tangu siku hiyo hakuna mteja aliyeondoka na nguo peke yake. Aliyeshika suruali ya kaki aliambiwa kwamba neno hilo lilitoka Uhindi, na maana yake ni rangi ya vumbi. Aliyeshika pajama aliambiwa ni vazi la miguu, kwa lugha ya Waajemi. Bawabu mmoja wa benki alirudisha shati alilokwisha kulipia nusu, baada ya kuelezwa kwamba kwa Kiingereza shati na sketi ni ndugu wa tumbo moja.

Mkewe, Agneta, aliyatafutia dawa mambo hayo kimyakimya. Walipokwenda kuchagua mzigo, yeye alivutia upande wa blauzi, makoti na bleza. Kwa Kiingereza hizo zote zinaanzia kwenye kurasa zilizoisha na njugu, na mbele yazo Mukhisa huwa mtulivu kama mgeni kanisani.

Lakini Agosti mwaka huu wakaja akina mama wa kwaya wakitaka sweta ishirini na nne za rangi moja. Walikuwa wamekwisha kuzipanga vizuri juu ya turubai wakati Mukhisa alipokohoa, akawaeleza kwamba sweta ni neno la jasho. Hapo zamani, akasema, zilivaliwa na watu wanene na farasi ili watokwe na jasho wapungue. Kiongozi wa kwaya, Nasimiyu, alikuwa mama mwenye mwili. Akaiweka chini sweta aliyoishika, na wale wengine wakaweka zao.

Jioni hiyo, nyumbani kwao Kibomet, Agneta hakupiga kelele. Alikitoa kitabu chini ya kitanda, akakipangusa vumbi na kukiweka mezani karibu na chumvi.

"Baba Viola, Jumanne tuko soko la Sirisia kama kawaida. Utauza kama watu wengine. Ukitoa historia ya neno moja tu, hiki kinarudi kwa Phelista, na nitampelekea mwenyewe."

"Mama Viola!"

"Neno moja."

Mukhisa akakitazama kitabu. Jalada lilikuwa limeshonwa kwa uzi wa viatu, kwa mkono wake.

"Na wewe je? Wewe ukitoa?"

Agneta akacheka mpaka akashika meza. "Mimi? Nikitoa, kitakaa kwa kabati ya vioo, kando ya picha ya harusi."

Sirisia walifika mapema, wakatandaza. Mukhisa alisimama nyuma ya nguo, midomo ameibana. Kijana alichukua jinzi, akaipima kiunoni, akalipa na kwenda zake bila kujua kwamba amebeba jina la mji wa Genoa. Mukhisa alimsindikiza kwa macho mpaka akapotea nyuma ya wauza vitunguu.

Kufikia saa nne wateja wa kawaida walikuwa wameanza kuulizana.

"Huyu mzee leo ako sawa kweli?"

"Pengine ameng'olewa jino."

Mwalimu Kimaiyo, mstaafu ambaye huja kila Jumanne kubishana naye na hajawahi kununua hata soksi, aliinua kofia ya kaki kutoka kwenye rundo. "Mukhisa, hii kaki ilitoka wapi vile?"

Mukhisa akatazama juu, kama mtu anayehesabu mawingu.

"Ati amekataa kuongea? Bana, mimi nimetembea kilomita tano!"

Mwalimu akakaa juu ya kreti ya soda kungoja, na wengine wakangoja naye. Hawakununua, wala hawakuondoka. Makokha, muuza mitumba aliyetandaza kando yao, alianza kuita kwa sauti kwamba kwake nguo zinaongea.

Ndipo akaja Chelimo, muuguzi, akachagua kardigani ya kijivu. Akaigeuza ndani nje, akavuta vifungo, akanusa kola.

"Hii iko na hadithi gani?" akauliza. "Mwaka jana nilinunua pajama hapa sababu ya hadithi tu. Hata nilienda kuambia wodi yote."

Mukhisa hakuwa na la kuficha wala la kusema. Kardigani, kwa Kiingereza, ni neno la C. Chelimo alingoja kidogo, kisha akaanza kugeuza shingo upande wa Makokha.

"Kardigani alikuwa mtu," Agneta akasema.

Mukhisa akageuka.

"Eeh. Mkubwa wa jeshi, huko Uingereza. Tajiri, lakini baridi ilikuwa inamsumbua. Sasa mtu mkubwa hivyo hawezi vaa nguo akiingiza kichwa kama mtoto, mbele ya askari wake. Akaambia fundi apasue hapa katikati, aweke vifungo. Watu wakaiita jina lake."

"Uongo!" Lilikuwa neno la kwanza la Mukhisa tangu asubuhi. "Uongo mtupu! Umetoa wapi? Hiyo kurasa hatuna!"

"Wacha nione," Mwalimu Kimaiyo akasema, akatoa simu. Mukhisa hana imani na simu, kwa sababu inamjibu kila mtu, hata asiye na haja ya kujua. Lakini kila mtu alikuwa ameinama juu ya kioo chake, naye akainama.

Kimaiyo alisoma polepole, kwa sauti ya darasani. Kardigani: kutokana na mwinyi mmoja wa Uingereza mwenye jina hilo, kamanda wa jeshi la farasi.

"Ya vifungo na kichwa sijaona," akaongeza. "Lakini mtu alikuwako."

Chelimo akalipa bila kuomba apunguziwe, akaivaa palepale. Mukhisa alibaki kimya, na safari hii hakuna aliyekuwa amemkataza. Agneta naye alikuwa akikunja sketi ambayo tayari ilikuwa imekunjwa.

"Kabati ya vioo," Mukhisa akasema hatimaye.

"Nimesikia."

Jioni walirudi Kitale nyuma ya pikapu, wameketi juu ya mzigo uliobaki. Barabara ilikuwa na mashimo. Kisha Mukhisa akatoa kalamu mfukoni, akatafuta risiti isiyoandikwa nyuma.

"Mama Viola," akasema taratibu, "na blauzi je?"

Agneta akajifunga leso vizuri kichwani.

"Blauzi? Huyo alikuwa bibi yake Kardigani."