Mkono Ulioachishwa Bunduki

Nakumbuka asubuhi moja kule Malava, mwanangu, bendera yetu ikiwa bado mpya, nami kijana wa kamera, nimejaa majivuno tele. Nilikuwa natengeneza filamu kuhusu waliorudi kutoka vita vya Burma, jinsi wanavyoishi baada ya yale waliyoyaona. Nikampata Mzee Mukhwana, fundi wa kuezeka nyumba, mtu mpole. Kila nikimuuliza vita, yeye ananijibu habari za paa na mvua. Nikaona ananimalizia filamu bure! Ujana, jamani. Mwenye pupa hadiriki kula tamu, lakini nani angeniambia nikasikia?

Nikaokota ufito, nikamtia mkononi. "Mzee, shika kama bunduki. Lenga pale kwenye migomba, kidogo tu."

Akaushika. Akapiga goti matopeni, akaanza kutetemeka na kuwaita watu nisiowajua, vidole vimekakamaa. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Nami, Mungu anisamehe, sikuizima kamera.

Mkewe, Mama Nasimiyu, akatoka jikoni na unga wa obusuma, ugali wa huko, viganjani. Hakupiga kelele. Alimfungua kidole kimoja kimoja, akauchukua ule ufito, akauvunja. Ndipo akanigeukia.

"Kijana, aliporudi alikuwanga hivi kila siku. Hata kuku hangeweza kuchinja. Miaka mingi nimemtoa bunduki mkononi, wewe umeirudisha asubuhi moja. Sasa utakaa unisaidie kuitoa tena, ama utapanda gari uende na picha zako?"

Lo! Niliona aibu, nikalia mbele yake. Nikafungua kamera, nikautoa ule utepe wa filamu na kuuanika juani mpaka picha zote zikaharibika. Mkubwa wangu wa kazi alinifokea baadaye, na alikuwa na haki yake.

Nikakaa. Kazi yangu ikawa kubeba nyasi. Siku mbili mzee hakunisemesha, nami nikaogopa kwamba nimemharibu kabisa. Ya tatu akanipigia kelele kutoka juu ya paa: "Wewe wa kamera, nyasi hazifungwi kama kuni!" Mama Nasimiyu alicheka huko jikoni hadi akajifuta machozi. Kesho yake mzee mwenyewe akaniita. "Lete hiyo kamera. Piga hii mikono ikifanya kazi." Na huku akiezeka, bila kuulizwa, akaanza kunisimulia vita. Aliponyamaza, nilishusha kamera, nikampa nyasi.

Basi, mwanangu, wewe unayewaendea waliotoka vitani na kamera yako, nisikie. Usimrudishe mtu alikotoka ili wewe upate picha nzuri. Mkute alipofika. Shika kazi yake kwanza, ungoje aseme, na akikataa, shukuru kwa chai uliyopewa. Waliompenda wamefanya kazi kubwa kabla hujafika, usiibomoe.

Mungu akupe jicho la kuona na moyo wa kuishusha kamera. Na kila boma utakaloingia, uliache na amani zaidi ya ile uliyoikuta.