Fulana ya Mgombea

Nakumbuka siku moja ya wakati wa kampeni, nilikimbia mbio za mkoa nikiwa na sura ya mwanaume kifuani, mwanaume ambaye hata jina la baba yake sikulijua. Usicheke, mwanangu. Huyu bibi unayemwona anaburuta kandambili alikuwa na miguu, na kijiji chetu kizima cha Sepuka kilijua hivyo.

Mwalimu Hamisi, aliyenisomesha darasa la sita, ndiye aliyenifundisha na mbio. Kila asubuhi alinifuata kwa baiskeli. Njia nzima kina mama waliniwekea vibuyu vya togwa ya uwele mbele ya nyumba zao, bila kutumwa na mtu. Walisema tu, "Binti yetu asikauke koo."

Asubuhi ya mbio, mgombea ubunge mmoja akaniletea raba mpya na fulana yenye picha yake. Mwalimu akanitikisia kichwa kunikataza. Lakini raba zangu zilikuwa zimetoboka, na tamaa mbele, mauti nyuma. Nikavua fulana ya mkoa, nikavaa yake.

Nilishinda. Mchana huohuo waamuzi wakafuta ushindi wangu kwa sababu ya ile picha, maana kampeni zilikatazwa michezoni, wakanifungia msimu mzima, na nafasi yangu ya kwenda mashindano ya taifa ikapewa mwingine. Nikawa hoja ya mikutano: huku "binti yetu kaonewa", kule "kibaraka". Mgombea akaniomba nipande jukwaani nikalie mbele za watu. Kwa hasira niliyokuwa nayo, nikakubali.

Kesho yake nilipotoka kwenda mazoezini, vibuyu vilikuwa vimepungua nusu nzima. Nikasimama kwa Mama Saidi, ambaye mumewe alikuwa wakala wa chama kingine.

"Shikamoo mama. Togwa imeisha?"

"Marahaba. Haijaisha. Nilikuwa nampa mtoto wa kijiji. Huyu wa kwenye fulana ana wenyewe."

Nililia palepale barabarani. Mwalimu akashuka kwenye baiskeli, nikadhani atanibembeleza.

"Asiyesikia la mkuu huvunjika guu," akasema. "Wewe guu lako zima, ila umevunja imani ya watu. Hiyo huungwa nyumba kwa nyumba."

Sikupanda jukwaani. Nilirudisha zile raba, nikaanza kubisha hodi, hata kwa waliofurahia fulana, maana nao niliwadanganya kuwa mimi ni wa upande wao. Mmoja alinifungia mlango. Wengi walinikaribisha, wakanisema, kisha wakanipa kigoda. Msimu uliofuata nikakimbia tena, nikashika nafasi ya pili, nikachukuliwa kwenda mashindano ya taifa. Mama Saidi alikuja kunisindikiza stendi akipiga vigelegele kuliko mama yangu mzazi.

Mwanangu, nasikia nawe sasa una mbio, uchaguzi unakaribia, na simu za wagombea zimeanza kuita. Siasa si dhambi. Ukiwa na unaloliamini, liseme kwa mdomo wako, na likikugharimu, vumilia. Mimi sikuwa na upande wowote. Nilikuwa na shida tu, nikalifanya jasho la kijiji kizima kuwa mali ya mtu mmoja. Ukiwa na shida, waambie watu wako, maana aibu ya kuomba haikai. Na ukikosea, usitafute jukwaa la kulilia. Tafuta mlango wa kubisha.

Mungu akujalie pumzi ndefu, na watu wa kukuambia ukweli ungali na muda wa kuusikia. Na siku utakayoshinda, pasiwe na nyumba hata moja itakayoona haya kushangilia.