Dumu Nililolitaka Mimi

Mimi sijui kutulia. Nikiwa nyumbani Biharamulo nitapanga na kupangua begi la kamera mara tatu kabla ya chai, mpaka mama aniulize kama nimekalia siafu. Mwaka ule ilizidi. Nilikuwa narekodi filamu ya watu wanaojaribu kuacha pombe, na kila siku niliona muda unanikimbia.

Mmoja wao alikuwa mkulima wa maharage wa Murusagamba, baba wa watoto watatu. Alikuwa na miezi mitano hajagusa pombe. Mkewe alishachoka naye zamani, akachukua watoto akarudi kwa wazazi wake Ntobeye, akasema atarudi tu siku mume atakapomfuata akiwa na akili zake. Siku hiyo ikafika. Nilimkuta bwana yule amepiga pasi shati, na kreti ya soda ya kupeleka ukweni iko mlangoni.

Ile soda iliniudhi. Huku kwetu mume akimfuata mke hubeba rubisi, pombe yetu ya ndizi, na aliyeileta huonja kwanza mbele ya wenyeji, waone haina kitu kibaya. Hiyo ndiyo picha niliyokuwa naitaka: chungu, mirija, wazee wameinama. Kwa soda ingekuwa kama sherehe ya kipaimara.

"Dada, mimi ile kitu naogopa," akaniambia.

"Ni kuonja tu. Usipopeleka, wazee wataona umewadharau."

Nilijua neno hilo lingemwingia, na likamwingia. Kreti ikabaki pale mlangoni, tukapitia kwa mama mmoja muuza pombe, akatujazia dumu. Njia nzima, kwenye yale mashimo, nilimhimiza dereva wa bodaboda aongeze mwendo, mwanga mzuri usinipotee.

Mkewe alikuwa amekaa barazani, begi lake limefungwa tayari. Alipoliona dumu akasimama.

"Shikamoo, baba," mume akasema.

"Marahaba." Baba mkwe alilitazama dumu. "Hii umeileta wewe?"

"Ndiyo, baba."

Basi mila ikafuata njia yake. Pombe ikamiminwa chunguni, mrija ukawekwa mkononi mwake. Alinigeukia. Mimi nikajifanya narekebisha lenzi. Akainama, akavuta, akaendelea kuvuta mpaka mkwe wake akamshika bega.

Mkewe alikuja moja kwa moja kwangu.

"Soda nilimwombea mimi kwa baba," akasema. "Siku tatu nambembeleza mpaka akakubali."

Aibu ilinishika, na kamera bado inarekodi. Akabeba begi, akawaita watoto, wakaingia ndani.

Mume alifuta mdomo kwa mkono wa shati. Macho yalishaanza kulegea, lakini alinitabasamia kwa wema wake wote.

"Dada," akaniuliza, "umeipata ile picha yako?"

Nilikuwa nimeipata.