Anayeitika Baharini

Shemeji yangu alizama mchana kweupe, akivusha saruji kutoka Mkokotoni kwenda Tumbatu. Wenzake waliookolewa walimwona akienda chini, na hakuibuka. Kwa sheria yoyote ninayoijua, ya dini au ya akili, dada yangu alikuwa mjane tangu siku ile. Alipaswa aingie eda, aikae, aimalize, kisha awe huru na maisha yake. Hakuachiwa. Mama mkwe wake alidai anamsikia mwanawe.

Wanaamini huko kwao Tumbatu kwamba bamvua la kila nusu mwezi likitoa maji mpaka fungu la mchanga likabaki wazi, ukasimama juu yake ukamwita mtu aliyechukuliwa na bahari, akiitika "naam" basi yu hai. Wenyewe wa baharini wamemficha, na ipo siku watamrudisha. Asipoitika, amekufa. Bibi yule alikwenda kila bamvua, na kila akirudi alisema kaitika. Kwa hiyo hapakusomwa hitima na eda haikuanza. Dada akabaki nyumbani kwa watu, si mke si mjane, akifua nguo za mwanamume asiyekuwepo ili akirudi azikute safi.

Nilipomaliza chuo Tunguu sikuweza tena kunyamaza. Walionichoma zaidi si wajinga bali wapole. Mzee mmoja wa msikitini kwao aliniambia, "Mama mtu anasikia, mwanangu. Utamwambia hasikii?"

"Nitamwambia."

"Kwani chuoni ulisomea masikio?"

Waliokaa naye barazani wakacheka mpaka kofia zikawakaa upande.

Bamvua lililofuata niliondoka kwetu Malindi mjini alfajiri nikaenda kwa wakwe zake. Nilimkuta bibi kashajifunga kanga kiunoni, dada kasimama nyuma yake.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Umekuja kunipima?"

"Nimekuja kumchukua dada yangu."

"Mke wa mtu huyo."

Tukaenda mpaka kwenye fungu. Bibi akaita, "Baba," kama mama zetu wanavyowaita watoto wao wa kiume.

Nilikuwa nimejiandaa kueleza upepo, ndege, mwangwi. Lakini mwangwi hurudisha neno lako mwenyewe, hauna neno lake. Kilichotoka majini kilikuwa "naam", sauti ya mwanamume, ya chini, yenye adabu, na mbele yetu hapakuwa na mtu wala chombo. Niliisikia. Mpaka leo sijaisamehe bahari kwa kunifanya niisikie.

Dada alitupita akaingia majini mpaka magotini.

"Mume wangu."

"Naam."

"Umesikia, mama?"

"Nimesikia," bibi akasema, uso umemng'aa.

"Na wewe?"

Nilitikisa kichwa kukubali, huku meno nimeyauma.

"Basi mashahidi wapo. Mume wangu, kama una uhai wa kuitika, una uhai wa kuniacha. Nipe talaka yangu nende kwetu."

Kimya. Akairudia, taratibu, kama anayemwagiza mtu dukani. Kimya.

"Muulize wewe, mama. Wewe hakukatai."

Bibi akaita. Akaita tena, akamwomba aseme neno lolote, hata kama ni hilo la talaka. Maji yalikuwa yanaanza kurudi, yakatufika vifundoni, na bado hatukusikia kitu. Nilimwona akizeeka pale pale.

"Maiti hatoi talaka," akasema mwishowe, si kwetu.

Kisha akamshika dada mkono. "Twende, mwanangu. Ukakae eda yako."

"Ataikaa kwetu Malindi," nikasema.

"Nyamaza weye," dada akanijibu. "Eda hukaliwa nyumbani kwa mume. Nenda kamwambie mama aniletee nguo."

Miezi yote ile nilikuwa nimewahutubia watu juu ya ushahidi, juu ya walionusurika, juu ya haki ya mjane, na hakuna aliyenisikiliza. Bahari imenyamaza mara moja tu, mambo yamekwisha. Wale wawili walikwenda zao wameshikana, kanga zimewaganda miguuni, hakuna aliyegeuka kunitazama. Nikabaki kwenye fungu linalofunikwa na maji, nikaitukana bahari kwa maneno ambayo mama yangu hajui kama nayajua.