Siku Meneja Alipoongea cha Kwao

Siku yangu ya kwanza kazini, katika ofisi ya kampuni ya Kivietinamu ya minara ya simu pale Mbezi Beach, Meneja wa Mradi alinisikiliza kidogo, kisha akauliza Kivietinamu nimekisomea wapi. Nikamjibu, Hanoi.

"Vizuri. Hapa kazini ni Kihanoi tu. Sitaki mchanganyiko."

Kichwa kilinivimba, siwafichi.

Kazi yangu ilikuwa ukalimani fuatizi: mtu anasema, ananyamaza, ndipo nawe unasema, tena kwa "mimi", kana kwamba maneno ni yako. Kivietinamu kina toni, yaani sauti ikipanda au kushuka, neno linakuwa jingine. Watu wa kusini, kama wale wanunuzi wa korosho waliopitaga ofisini, toni mbili wanazisema kama moja, na maneno yao yanateleza. Hao niliwazoea. Walionishinda ni watu wa Nghe An, mkoa wa katikati. Sauti yao inashuka chini, nzito, na hata maneno madogo kama "wapi" na "kwa nini" wana ya kwao. Mtu wa Hanoi mwenyewe huomba warudie.

Miaka kadhaa baadaye, fundi wa Kivietinamu, Hung, alianguka kutoka kwenye mnara huko Temeke, mguu ukapondeka. Hospitalini daktari kijana akanivuta pembeni.

"Shikamoo mzee. Mgonjwa anagoma kupasuliwa, na tukichelewa mguu unaondoka. Hebu muulize anaogopa nini."

Nikamuuliza. Kazini Hung alijikaza kuongea Kihanoi kama sisi wote, lakini kwenye maumivu kilimtoka cha kwao, cha Nghe An. Sikuambulia kitu.

"Daktari, simwelewi."

"Si nyie ndo mnaongeaga naye kila siku?"

Aibu niliyoipata, acha tu.

Meneja akafika, akamsemesha kwa Kihanoi chake kilichonyooka. Hung akageukia ukutani. Meneja akavua kofia, akakaa kitandani, na ikamtoka sauti ambayo sikuwahi kuisikia kwake, nzito, ya chini, ile ile ya Hung. Miaka yote ile, kumbe mtu wa Nghe An! Hung akamshika mkono, akalia, akaeleza.

Meneja akanigeukia. "Anahofia asipoamka, hakuna hapa wa kumwambia mama yake kwa lugha ya kwao akaelewa. Nimemwambia kwamba mama yake nitampigia mimi. Daktari aanze."

Mguu ulipona.

Sasa nimestaafu, nakaa Kinyerezi, na vijana wanaojifunza lugha hii huniuliza Kivietinamu chenyewe ni kipi. Nawajibu kwamba nimekifanyia kazi hadi mvi zimeniota na bado kinanitisha kwa ukubwa wake. Siku ya kuniaga, Meneja alisimama kuhutubia, nami nikakaa pembeni yake kutafsiri kama kawaida. Akaanza, na hakikuwa Kihanoi. Nilishika nusu tu, nikawatafsiria wenzangu hiyo nusu, halafu nikafunga daftari, nikabaki kusikiliza. Meneja aliona, akacheka, akaendelea vile vile kwa lugha ya mama yake mpaka mwisho.